Kutoka lokole hadi WhatsApp: historia ya faili zinazofunga ujumbe wetu

Familia nyingi za Kisangani leo zimeshikamana kwa simu. Tangu mgogoro wa Wambole na Walengola ulipozuka mwaka 2023 upande wa Lubunga, watu wamekimbia nyumba na mashamba yao. Wengine kati yetu wana ndugu Ituri na Kivu. Mama yuko Makiso, kijana amebaki karibu na shamba, shangazi yuko Isangi. Nani yuko wapi, njia gani iko wazi, nani ametumiwa franka za chakula: habari hizo zote zinapita kwenye simu, na mara nyingi kwenye WhatsApp.

Habari kama hiyo ikimfikia ndugu, inaokoa. Ikimfikia mtu mwenye nia mbaya, inaweza kuleta msiba. Ndiyo maana swali moja limekuwa likirudi: yale maneno ambayo WhatsApp inaonyesha juu ya mazungumzo, kwamba ujumbe umefungwa mwisho hadi mwisho, ni ya kweli? Nani anafunga, na anafunga kwa nini?

Kufuli yenyewe ni faili chache ndogo zilizo ndani ya programu. Hazikuandikwa kwa ajili ya Kongo, wala kwa ajili ya kampuni moja. Ni mali inayotumiwa na watu wa dunia nzima. Ili kuelewa nguvu yake na udhaifu wake, tufuate historia yake, tukianzia hapa kwetu mtoni.

Lokole: akiba ya wote, siri ya hakuna

Kabla ya waya na antena, mto wetu ulikuwa na lokole. Walokele wa Yakusu, Isangi na vijiji vya kando ya mto walichonga gogo, wakalitoboa ufa mrefu, upande mmoja ukatoa sauti ya juu na upande mwingine sauti ya chini. Mmisionari Mwingereza John Carrington, aliyefika Yakusu mwaka 1938, alijifunza kuipiga na akaieleza katika kitabu chake cha mwaka 1949, Talking Drums of Africa.

Kilokele ni lugha ya sauti za juu na za chini, na lokole inachukua sauti hizo peke yake, bila herufi. Hapo kuna shida, kwa sababu maneno mengi yanalia sawa. Neno la mwezi na neno la kuku, ukiyapiga kwenye lokole, huwezi kuyatofautisha. Wazee walitatua shida hiyo kwa misemo mirefu. Mwezi ulitajwa pamoja na maneno ya kusema kwamba unatazama chini duniani. Kuku alitajwa pamoja na mlio wake. Msemo ukiwa mrefu, msikilizaji hakosei.

Mpigaji hakutunga misemo hiyo kila asubuhi. Aliichota katika akiba iliyojulikana kijiji hata kijiji. Kijiji kimoja hakikuweza kubadilisha msemo peke yake, maana wa ng'ambo wasingeelewa. Kwa hiyo wazo la akiba ya pamoja, ambayo kila mtu anaichota ili ujumbe ufike sawasawa, si geni kwetu.

Lakini lokole haikuwa na siri. Stanley aliposhuka mto huu mwaka 1877, ngoma zilitangaza safari yake mbele yake, naye hakuelewa. Aliyezijua alielewa yote, awe rafiki au adui.

Fonie: kila mtu alikuwa masafani

Watu wenye umri wanaikumbuka fonie, ile mashine ya redio iliyokuwa kwenye misioni, kwa wafanyabiashara na kwenye mashirika. Katika miaka ya vita, pale ambapo barabara zilikufa na simu hazikuwepo, fonie ndiyo iliyounganisha mji na vijiji. Mtu alipanga foleni, akasema jina la ndugu yake, akangoja jibu.

Fonie ilisaidia sana, lakini ilikuwa kama nyumba bila mlango. Yeyote aliyeweka mashine yake kwenye masafa yale yale alisikia kila neno. Kisangani ilijua maana ya kusikilizwa na wenye silaha. Kuanzia tarehe 5 hadi 10 Juni 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana ndani ya mji wetu, katika vita tunavyoviita vya siku sita. Mamia ya raia waliuawa, na nyumba nyingi zikabomolewa. Katika hali kama ile, kusema hewani mahali familia ilipojificha kulikuwa ni kuwaambia wote.

Majeshi na serikali, wao, walikuwa na njia za kuficha maneno tangu zamani. Raia hakuwa nazo.

Siri inafika kwa raia

Mabadiliko yalianza mwaka 1976. Wataalamu wawili Wamarekani, Whitfield Diffie na Martin Hellman, walichapisha hesabu inayoonyesha kwamba watu wawili wanaweza kupatana ufunguo wa siri hata kama kila mtu anawasikiliza. Mwaka uliofuata, Rivest, Shamir na Adleman wa chuo cha MIT wakatengeneza njia nyingine, inayoitwa RSA kwa herufi za majina yao.

Fikiria mama anayegawa kufuli zilizo wazi kwa watoto wake wote. Kila mtoto anaweza kuweka barua ndani ya sanduku na kubana kufuli. Ufunguo hausafiri. Umebaki kwa mama, na yeye peke yake anafungua. Mwenye pirogi anayebeba sanduku, askari wa barabarani na mwenye ghala wote wanaliona, lakini hawasomi. Hilo ndilo wazo la kufunga mwisho hadi mwisho.

Mwaka 1991 Mmarekani mwingine, Phil Zimmermann, aliiweka kazi hiyo ndani ya programu iitwayo PGP, akaitoa bure. Serikali ya Marekani ilimchunguza kwa miaka mitatu, kwa sababu sheria yake wakati ule iliihesabu programu ya kuficha maneno sawa na silaha inapovuka mpaka. Uchunguzi ulifungwa Januari 1996 bila kesi. Toka hapo ilikuwa vigumu kurudisha siri mikononi mwa serikali peke yake.

Maktaba ni nini? Fikiria mashine ya kusaga

Wanaotengeneza programu hawaandiki kila kitu upya. Tazama mtaa wako. Kila nyumba inapika fufu, lakini si kila nyumba ina mashine ya kusaga mihogo. Mashine ni moja au mbili, na wote wanapeleka mihogo yao pale. Ni gharama ndogo, na mwenye mashine anaijua kazi yake kuliko sisi.

Katika kompyuta na simu, mashine hiyo inaitwa maktaba. Ni faili yenye maagizo yaliyoandikwa tayari kwa kazi moja: kufungua picha, kucheza sauti, au kufunga ujumbe. Programu nyingi zinaitumia. Kwenye Android jina la faili hiyo huanza na herufi lib na kuishia na .so. Kwenye Windows huishia na .dll. Huzioni ukifungua simu, lakini ziko.

Kwa kazi ya kuficha ujumbe, kutumia maktaba ya pamoja ni lazima zaidi. Hesabu zake ni ngumu, na kosa dogo linabomoa kila kitu bila dalili yoyote. Ujumbe uliofungwa vibaya unasafiri vizuri kabisa, unafika, unasomeka. Hutajua kwamba mwingine pia ameusoma. Ndiyo maana wataalamu wanasema: usitengeneze kufuli yako mwenyewe. Chukua ile iliyoandikwa wazi, ambayo wengi wameipima na kujaribu kuivunja.

Kutoka OTR hadi Signal

Mwaka 2004 Nikita Borisov, Ian Goldberg na Eric Brewer walieleza njia mpya ya kufunga mazungumzo, wakaiita OTR. PGP ilikuwa nzuri kwa barua, lakini ilikuwa na hatari kubwa: mtu akiiba ufunguo wako leo, anafungua barua zako zote za zamani alizokuwa amezihifadhi. OTR ilibadilisha funguo mara kwa mara na kuzitupa za zamani. Iliwekwa ndani ya maktaba inayoitwa libotr, na programu za mazungumzo za kompyuta zikaanza kuichukua.

OTR ilitaka watu wote wawili wawe hewani wakati mmoja. Kwa sisi hilo ni shida: betri imekwisha, mtandao umepotea, mwenzako ataona ujumbe kesho. Kundi la Moxie Marlinspike, ambalo lilianza na programu ya TextSecure mwaka 2010, ndilo lililotatua hilo. Yeye na Trevor Perrin walitengeneza njia ambapo simu inaacha funguo za akiba kwenye seva, ili mtu aweze kukutumia ujumbe uliofungwa hata kama simu yako imezimwa. Kila ujumbe unapata ufunguo wake, kisha ufunguo unatupwa. Programu hiyo ikaja kuitwa Signal, na maktaba yake inaitwa libsignal. Maagizo yake yako wazi, yeyote mwenye elimu anaweza kuyasoma.

WhatsApp ilianza kuingiza njia hiyo ya Signal Novemba 2014. Tarehe 5 Aprili 2016 ilitangaza kwamba imemaliza, kwa watumiaji wake wote, waliokuwa zaidi ya bilioni moja. Mama wa soko kuu la Kisangani alipata siku ile kufuli ambayo miaka 40 nyuma ilikuwa ya majenerali, bila kulipa wala kubonyeza chochote.

Lakini usichanganye. Messenger ya Facebook ilianza kufunga mazungumzo ya kawaida ya watu wawili Desemba 2023 tu. Telegram hufunga mwisho hadi mwisho yale mazungumzo unayoyafungua kama ya siri. Ya kawaida na ya makundi hayafungwi hivyo. Na SMS haina kufuli ya namna hii kabisa.

Mashine ikiingia mchanga

Turudi kwenye mashine ya kusaga. Mchanga ukiingia ndani yake, hauli mchanga wewe peke yako. Mtaa mzima unakula. Huo ndio udhaifu wa faili za pamoja.

Tarehe 7 Aprili 2014 dunia ilisikia habari ya kosa lililoitwa Heartbleed. Lilikuwa ndani ya OpenSSL, maktaba inayolinda mawasiliano ya tovuti na barua pepe. Liliingia kwenye toleo la Machi 2012, na kwa miaka miwili hakuna aliyelitangaza. Aliyelijua aliweza kuiomba seva habari ndogo, nayo ikamwaga hadi kilobaiti 64 za yaliyokuwa kichwani mwake: nywila, majina, hata funguo zenyewe. Ilikadiriwa kwamba seva kama nusu milioni zilikuwa wazi.

Kilichoshangaza wengi ni hali ya watunzaji. Mradi ule ulitegemewa na mabenki na makampuni makubwa, lakini ulikuwa na mtu mmoja tu wa kazi ya kudumu, na michango ya kama dola 2,000 kwa mwaka. Wote walisaga, hakuna aliyenunua mafuta ya mashine. Baada ya Heartbleed, makampuni yalianza kuchangia.

Mwaka 2019 ikawa zamu ya WhatsApp. Kufuli ya ujumbe haikuvunjwa. Wapelelezi walipitia sehemu nyingine ya programu, ile ya kupokea simu za sauti. Simu ililia, na hata kama hukuipokea, programu ya kijasusi ya Pegasus, ya kampuni ya NSO ya Israeli, iliweza kuingia. WhatsApp ilisema watu kama 1,400 walilengwa, wakiwemo waandishi wa habari na watetezi wa haki za binadamu. Dawa ilikuwa toleo jipya la programu.

Septemba 2023 kosa lingine lilipatikana katika libwebp, maktaba ya kufungua picha za aina ya WebP. Kwa kuwa iko ndani ya vivinjari na programu nyingi, kila mtengenezaji alilazimika kutoa toleo jipya haraka. Picha tu, ndugu wasomaji. Kufuli inaweza kuwa nzima na dirisha likawa wazi.

Faili iliyo kwenye simu yako imetoka wapi?

Historia hii yote inatuhusu sisi kwa jambo moja. Kosa likigunduliwa Ulaya au Marekani asubuhi, dawa inaweza kuwa tayari jioni. Lakini kwetu dawa inakuja kwa mega. Mwenye kununua mega chache kwa siku hatazimaliza kwa kupakua programu nzima. Kwa hiyo tumezoea njia yetu: rafiki anakupa programu kwa Bluetooth au Xender, au kijana wa duka la simu anakuwekea. Programu inapita mkono hadi mkono, na hakuna anayejua ilianzia wapi.

Mara nyingine ni nakala ya kweli, lakini ya zamani, yenye makosa yaliyokwisha kurekebishwa. Mara nyingine ni mbaya zaidi. Ni programu iliyofunguliwa, ikabadilishwa, ikafungwa tena, kama zile zinazoitwa GB WhatsApp. Watu wanazipenda kwa rangi zake na kwa kuficha kwamba umesoma. Lakini aliyeweza kubadilisha rangi aliweza pia kugusa maktaba inayofunga ujumbe, au kuongeza faili inayosoma maneno kabla hayajafungwa. Hakuna anayeweza kukuhakikishia kwamba hakufanya hivyo.

Android ina ulinzi wake hapa. Kila programu ina muhuri wa aliyeitengeneza, na mtu mwingine hana uwezo wa kuupiga. Ukijaribu kuweka nakala iliyobadilishwa juu ya programu ya kweli, simu inakataa, maana muhuri ni tofauti. Ndiyo maana wanaokupa programu hizo wanakuambia ufute kwanza ile ya zamani, au wanaipa jina lingine. Ukisikia "futa kwanza", simama. Ni kama mtu anayekuambia uchane kitambulisho chako ili akupe kipya kisicho na muhuri wa serikali.

Mambo ambayo kufuli haiwezi

Hata faili iliyo ya kweli na mpya ina mipaka, na familia zilizokimbia zinapaswa kuijua.

Haizuii mtu aliyeshika simu yako iliyofunguliwa. Haimzuii mwanakundi kupiga picha ya mazungumzo na kuyatoa nje. Kundi la watu 200 wa kijiji si mahali pa kuandika familia fulani imelala wapi. Ujumbe wa namna hiyo umpelekee mtu mmoja, au useme kwa mdomo.

Haifichi kwamba fulani aliwasiliana na fulani saa fulani. Inaficha maneno.

Haisaidii intaneti ikikatwa. Tuliliona hilo nchi nzima baada ya uchaguzi wa tarehe 30 Desemba 2018, intaneti ilipofungwa kwa kama siku 20. Siku hizo watu walirudi kwenye redio na kwenye kutumana.

Sasa, mambo machache ya kufanya, yasiyohitaji pesa nyingi. Mkiwa kumi kwenye eneo moja, changeni mega, mmoja apakue toleo la kweli kutoka Play Store, na wengine wafuate kwa zamu. Wiki ambayo mega hazitoshi kwa vyote, weka toleo jipya la WhatsApp kabla ya video. Ingia mara moja kwa wiki kwenye sehemu ya vifaa vilivyounganishwa ndani ya WhatsApp. Ukiona kompyuta usiyoijua, iondoe. Mtu aliyeachiwa simu yako dakika moja tu mahali pa kuchajisha anaweza kuwa ameiunganisha. Weka namba ya siri kwenye simu.

Na ikiwa WhatsApp inakuambia kwamba kodi ya usalama ya ndugu yako imebadilika, usiogope, lakini usipuuze. Pengine amenunua simu nyingine au ameweka programu upya. Pengine pia laini yake iko mikononi mwa mtu mwingine. Kabla ya kumwambia uko wapi au kumtumia franka, mpigie, usikie sauti yake, muulize jambo la nyumbani ambalo mgeni hawezi kulijua. Wazee wetu, waliposikia lokole, walimtambua mpigaji kwanza ndipo wakaamini habari.